Kutafuta moja kwanza, jedwali la uwiano au kuzidisha kwa msalaba: njia ipi imfae mwanafunzi?

Kilo 3 za mchele zinauzwa shilingi 9,600. Kilo 5 zitauzwa shilingi ngapi? Swali la namna hii humfuata mwanafunzi kuanzia madarasa ya juu ya shule ya msingi hadi sekondari, likibadili vazi tu: leo ni mchele, kesho ni lita za dizeli, keshokutwa ni kilomita kwa saa. Mwalimu wa shule humfundisha njia moja, mwalimu wa masomo ya ziada nyingine, na mzazi nyumbani humwonyesha ile aliyosoma yeye zamani. Mtoto hubaki na daftari lenye nusu ya njia moja na nusu ya nyingine, na akikosea hajui amekosea wapi, kwa sababu hakuna njia hata moja aliyoifuata hadi mwisho.

Njia hizo ni tatu: kutafuta moja kwanza, kuchora jedwali la uwiano, na kuandika sehemu mbili zilizo sawa kisha kuzidisha kwa msalaba. Zote ni sahihi, na zikitumika vizuri hutoa jibu lilelile. Zinatofautiana katika mahali zinapouweka mzigo, kwani moja humtaka mwanafunzi agawanye mapema, nyingine humtaka aone mpangilio wa namba, na ya tatu humtaka apange vizuri kabla hajakokotoa chochote.

Vigezo vya kulinganisha

Kigezo cha kwanza ni maana ya kila hatua. Mwanafunzi akisimamishwa katikati ya kazi na kuulizwa namba aliyoiandika sasa hivi inasimamia nini, je, ana jibu? Cha pili ni uzito wa namba, yaani ugumu wa ukokotoaji wenyewe, jambo ambalo si dogo kwa mtoto wa Tanzania anayefanya mtihani wa darasa la saba bila kikokotoo. Cha tatu ni tabia ya makosa. Kila njia hukosewa, lakini zipo ambazo kosa lake huonekana mara moja na zipo ambazo kosa lake hukaa kimya hadi msahihishaji alione. Cha nne ni upeo: njia hiyo itamfikisha wapi mwanafunzi akikutana na maswali ya kulinganisha bei, ya uwiano wa kinyume (kimoja kikiongezeka kingine hupungua), na baadaye ya aljebra?

Ili mizani iwe moja, njia zote zitapimwa kwa maswali manne. La kwanza ni la mchele hapo juu. La pili: pampu hujaza lita 450 kwa dakika 7; itajaza lita 1,800 kwa dakika ngapi? La tatu: duka moja linauza kilo 2 za sukari kwa shilingi 5,800 na jingine linauza kilo 5 kwa shilingi 14,000, nafuu iko wapi? La nne: vibarua 6 hulima shamba kwa siku 10, vibarua 15 watalilima kwa siku ngapi?

Kutafuta moja kwanza

Hapa mwanafunzi hushuka hadi kimoja, kisha hupanda hadi idadi anayoulizwa. Kilo 3 ni shilingi 9,600, kwa hiyo kilo 1 ni 9,600 ÷ 3, sawa na shilingi 3,200, na kilo 5 ni 3,200 × 5, sawa na shilingi 16,000.

Kwa upande wa maana, njia hii haina mpinzani. Shilingi 3,200 ni bei ya kilo moja, kitu ambacho mtoto amekisikia sokoni tangu hajaanza shule, kwa kuwa mnunuzi anayeuliza "kilo bei gani?" ameshaomba kiwango kwa kipimo kimoja bila kujua kwamba hiyo ni mada ya hisabati. Ugumu huanza pale ambapo "moja" zipo mbili. Katika swali la pampu mwanafunzi anaweza kugawanya 450 kwa 7 akapata lita zinazoingia kwa dakika moja, au akagawanya 7 kwa 450 akapata sehemu ya dakika inayotumika kwa lita moja. Vyote viwili ni viwango vya kweli, ila ni kimoja tu kinachofika kwenye jibu kwa kuzidisha. Kanuni inayosaidia ni hii: kile kinachotafutwa ndicho kinachogawanywa, na kile ambacho idadi yake mpya imetajwa ndicho kinachofanywa kimoja. Swali linatafuta dakika, basi dakika ndizo zigawanywe.

Mfano wa mbio hulionyesha jambo hili vizuri kuliko pampu. Mwaka 1974, mjini Christchurch nchini New Zealand, Filbert Bayi wa Tanzania aliweka rekodi ya dunia ya mita 1,500 kwa dakika 3 na sekunde 32.2, yaani sekunde 212.2. Ukigawanya mita kwa sekunde unapata takribani mita 7.07 kwa kila sekunde. Ukigawanya sekunde kwa mita, kisha ukazidisha kwa 100, unapata takribani sekunde 14.15 kwa kila mita 100. Mwalimu wa fizikia ataipenda namba ya kwanza na kocha mwenye saa mkononi ataipenda ya pili, ingawa zinaeleza mbio zilezile. Mwanafunzi aliyeelewa kwamba namba kubwa zaidi katika mpangilio wa kwanza ina maana ya kwenda haraka, na katika mpangilio wa pili ina maana ya kwenda polepole, ameshaelewa nusu ya mada.

Uzito wa namba ndio udhaifu wa njia hii. Kwa mchele namba ziligawanyika vizuri, lakini 7 ÷ 450 ni 0.01555… isiyokwisha. Mwanafunzi anayekadiria mapema akaandika 0.016, kisha akazidisha kwa 1,800, hupata dakika 28.8, ilhali jibu ni 28 kamili. Dawa yake ni kutogawanya hadi mwisho: aandike 7/450 × 1,800, arahisishe kwanza, na 450 itaingia ndani ya 1,800 mara nne bila desimali yoyote. Ajabu ni kwamba wanafunzi wengi wanajua kurahisisha sehemu katika mada ya sehemu, lakini wakifika kwenye mafumbo husahau kwamba wanaruhusiwa.

Makosa ya njia hii hujianika yenyewe. Mtoto akizidisha mahali pa kugawanya atapata kilo moja ya mchele kwa shilingi 28,800, na hata kabla mwalimu hajasema neno, darasa litacheka. Upeo wake nao ni mpana kuliko unavyodhaniwa. Swali la sukari linakwisha kwa mistari miwili: shilingi 2,900 kwa kilo katika duka la kwanza na shilingi 2,800 katika la pili. Swali la vibarua humlazimisha mwanafunzi afikiri kabla ya kukokotoa, kwa sababu kibarua mmoja hawezi kumaliza shamba kwa siku chache kuliko vibarua sita. Atahitaji siku 6 × 10, yaani 60, na vibarua 15 watazigawana siku hizo na kumaliza kwa siku 4.

Njia hii inamfaa anayeianza mada, anayekokotoa kichwani, na kila anayetakiwa kulinganisha bei au mwendokasi wa vitu viwili. Haimfai sana anayekutana na namba zisizogawanyika huku akiwa bado hajaziamini sehemu.

Jedwali la uwiano

Mwanafunzi huchora safu mbili na kuziandikia vipimo, kisha hujaza namba zinazokwenda pamoja. Kwa swali la pampu jedwali huwa hivi:

Lita: 450, 900, 1,800
Dakika: 7, 14, 28

Amezidisha kwa mbili, akazidisha tena kwa mbili, kazi imekwisha. Hapa jedwali linaishinda njia ya kwanza kwa mbali, kwa sababu halimlazimishi mtu kushuka hadi kimoja ilhali namba zenyewe zinapanda vizuri. Kwa mchele, mwanafunzi huanza na kilo 3 kwa 9,600, akashuka hadi kilo 1 kwa 3,200, akapanda hadi kilo 2 kwa 6,400, kisha akajumlisha safu wima mbili: kilo 3 na kilo 2 ni kilo 5, na 9,600 na 6,400 ni 16,000. Hivyo ndivyo watu wa pwani walivyopima nafaka kwa vibaba na pishi, vibaba 4 kwa pishi 1: hakuna aliyehitaji kuandika sehemu ili ajue pishi tatu na vibaba viwili ni vibaba vingapi.

Kila namba ya jedwali ina maana, kwa kuwa kila safu wima ni hali kamili inayoweza kusomwa kwa sauti: "lita 900 kwa dakika 14." Uzito wa namba uko mikononi mwa mwanafunzi mwenyewe, anayechagua hatua zinazomfaa, na hilo ni jema kwa mwenye macho ya kuona namba na ni mateso kwa asiye nayo, ambaye atajaza ukurasa mzima akizunguka jibu bila kulifikia. Lita 1,800 zikibadilishwa kuwa lita 1,730, jedwali linaanza kulemea.

Kosa la jedwali ni la hatari kwa sababu linafanana na usahihi. Chukua unga na maji: vikombe 2 vya unga huhitaji vikombe 3 vya maji, vikombe 5 vya unga vitahitaji vingapi? Wanafunzi wengi huona kwamba kutoka 2 hadi 5 kumeongezeka 3, hivyo huongeza 3 upande wa pili pia na kupata 6. Jibu sahihi ni 7.5. Namba 6 haichekeshi mtu, wala haionekani kuwa ya ajabu, na jedwali limepangwa vizuri kabisa. Kinga yake ni kumzoesha mwanafunzi kuandika juu ya kila mshale alichofanya, "× 2" au "÷ 3", na kumkataza kuandika "+ 3" isipokuwa namba anazoongeza zimetoka kwenye safu wima nyingine kamili ya jedwali hilohilo.

Upeo wake ni mzuri kwa kulinganisha: sukari ya duka la kwanza inapandishwa hadi kilo 10 kwa shilingi 29,000, ya pili hadi kilo 10 kwa 28,000, na nafuu inaonekana bila desimali. Kwa vibarua jedwali linawezekana, mradi mwanafunzi akumbuke kwamba safu moja ikizidishwa nyingine inagawanywa: vibarua 6 kwa siku 10, vibarua 3 kwa siku 20, vibarua 15 kwa siku 4. Ila hapo kujumlisha safu wima kunakufa, na jambo hilo lisiposemwa wazi litamponza.

Linamfaa anayefikiri kwa kuona, anayeogopa maneno mengi, na mwalimu anayetaka kuliona wazo la mwanafunzi likiwa limeanikwa kwenye karatasi.

Kuzidisha kwa msalaba

Mwanafunzi huandika 9,600/3 = x/5, huzidisha kwa msalaba na kupata 3x = 48,000, kisha hugawanya na kupata x = 16,000. Asili ya hesabu hii ni ya kale. Aryabhata wa India aliieleza mwaka 499, na Brahmagupta akaipangilia mwaka 628 kama kanuni ya namba tatu: zidisha ya kati kwa ya mwisho, gawanya kwa ya kwanza. Ikawafikia Waarabu, kisha Ulaya, ambako wafanyabiashara waliiita kanuni ya dhahabu. Waliipenda kwa sababu ileile inayowafanya wanafunzi waipende leo: haihitaji kufikiri upya kila mara.

Hapo ndipo kigezo cha maana kinapoiumiza. Muulize mwanafunzi 48,000 ni nini, naye atakwambia ni tatu mara x. Si bei ya chochote anachokifahamu. Hata hivyo si haki kusema kwamba namba hizo za msalaba hazina maana kamwe. Katika swali la sukari, 5,800 × 5 ni 29,000 na 14,000 × 2 ni 28,000, na hizo ni bei za kilo 10 katika kila duka, zilezile tulizozipata kwa jedwali, kwa sababu 10 ni kigawe cha shirika cha 2 na 5. Kwa mchele vilevile, shilingi 48,000 ni bei ya kilo 15. Mwalimu anayetumia dakika tano kulionyesha jambo hili huifanya kanuni iliyokaririwa kuwa kanuni iliyoeleweka.

Kwa uzito wa namba njia hii ina nguvu, kwani mgawanyo unasubiri hadi mwisho na hakuna ukadiriaji wa mapema: 450x = 7 × 1,800, hivyo x = 12,600 ÷ 450 = 28. Namba zikiwa na desimali, au jibu likiwa la ajabu, utaratibu haubadiliki.

Makosa yake ndiyo yaliyo kimya kuliko yote. Mwanafunzi aliyeandika dizeli juu upande mmoja na dizeli chini upande mwingine atakokotoa kwa usafi kabisa na kupata jibu lisilo sahihi. Na swali la vibarua ni mtego wake mkubwa: 6/10 = 15/x humpa x = 25, naye huandika "siku 25" na kupigia mstari, bila kushtuka kwamba watu wengi zaidi wametumia siku nyingi zaidi kulima shamba lilelile. Mwenye kuitumia njia hii hana budi kuandika vipimo kando ya kila namba, na kujiuliza kabla ya kukokotoa kama jibu linatakiwa kuwa kubwa au dogo kuliko namba aliyopewa.

Kwa upeo, hakuna inayokwenda mbali kama hii. Skeli ya ramani, pembetatu zinazofanana na hesabu za kemia zote zinaisubiri, na anayeizoea ameshaanza milinganyo bila kutangaziwa. Inamfaa mwanafunzi wa sekondari, na mwanafunzi yeyote ambaye njia mojawapo ya hizo mbili ameshaimiliki.

Maswali ambayo hayakubali njia yoyote kati ya hizi

Njia zote tatu zinadai kwamba kiwango hakibadiliki. Nauli yenye kiasi cha kuanzia kabla ya kilomita ya kwanza haikubali, wala umeme unaouzwa kwa bei tofauti kulingana na matumizi ya mwezi. Gunia la lumbesa nalo ni somo zuri: bei ya kilo inayopatikana kwa kugawanya bei ya gunia kwa kilo 100 ni ya uongo ikiwa gunia limejazwa kupita hapo, na anayeumia ni mkulima. Mtego mwingine ni wastani wa mwendokasi. Basi likienda kilomita 120 kwa kilomita 60 kwa saa, na kurudi kwa kilomita 40 kwa saa, wastani si 50. Limetumia saa 2 kwenda na saa 3 kurudi, yaani kilomita 240 kwa saa 5, sawa na kilomita 48 kwa saa.

Kuchagua kwa hali

Ikiwa mtoto yuko darasa la tano au la sita na ndiyo kwanza anakutana na mafumbo haya, aanze kwa kutafuta moja kwanza, kwa bei anazozijua, na asikimbizwe. Akishajibu bila kusita "hii ni bei ya kilo moja", ndipo aonyeshwe jedwali.

Ikiwa ni wa darasa la saba na muda wa mtihani unambana, asome namba kabla ya kuchagua. Idadi mpya ikiwa ni mara kadhaa kamili ya ile ya zamani, kama 450 na 1,800, apande moja kwa moja kwa jedwali, hata kama ni la kichwani. Namba ya kwanza ikigawanyika vizuri, atafute moja. Vyote viwili vikishindikana, atumie msalaba, akiwa ameandika vipimo.

Ikiwa swali ni la vibarua, mabomba au idadi ya mifugo na siku za chakula, aweke msalaba kando, hata kama ndio anaoupenda, atafute kwanza kazi nzima ya mmoja.

Ikiwa ameingia kidato cha kwanza nchini Tanzania, ambako hesabu alizozisoma kwa Kiswahili sasa zinakuja kwa Kiingereza, jedwali linaweza kumwokoa kwa miezi ya mwanzo, kwa kuwa linahitaji maneno mawili tu, jina la kila safu, na mengine yote ni namba. Wapo wanaoonekana kuwa dhaifu katika hisabati ilhali tatizo lao ni sentensi ya swali.

Na ikiwa mzazi anayezungumza Kiswahili anaishi Marekani, na mtoto wake wa darasa la sita anarudi nyumbani na majedwali na mistari miwili ya namba badala ya msalaba aliousoma mzazi, asidhani kwamba mtoto anapotezewa muda. Viwango vya pamoja vya hisabati vilivyotolewa huko mwaka 2010 vinaanza na majedwali na michoro hiyo katika darasa la sita, na kulijenga wazo la uwiano kwa kina zaidi katika la saba. Amwache amalize kwa njia ya shule, kisha wahakiki jibu pamoja kwa msalaba.